Muulize Mwalimu wa Mjengo: Paa la Moto, Usiku wa Baridi na Bodi za Povu

Barua kuhusu joto la paa zimekuwa nyingi mwezi huu, na karibu zote zinazunguka jambo moja: zile bodi nyepesi za povu gumu zinazouzwa katika maduka ya vifaa vya ujenzi kuanzia Viwandani hadi Kariobangi zinafaa kweli, au ni pesa za kutupa? Kabla ya kushika chaki nilifunga paneli za vyumba baridi kwa miaka mingi, kwa hivyo ni suala ninalolijua kwa mikono. Barua ya kwanza nimeijibu kwa urefu. Ukiisoma hiyo, nyingine zitakuelea.

Mwalimu, nimejenga nyumba ya vyumba vitatu huku Utawala. Kuta ni za mawe, mabati ni ya rangi ya makaa, dari ni ya jipsamu. Saa tisa alasiri chumba cha watoto hakikaliki. Ikifika Julai, alfajiri chumba hicho hicho kina baridi ya kutetemesha. Fundi wangu anataka kuweka bodi nyeupe za inchi moja. Mwenye duka ananiambia hizo ni za kufungia televisheni, ninunue za manjano zenye karatasi ya alumini, na bei yake imenitisha. Nimsikilize nani? — Baba Watatu, Utawala

Baba Watatu, tuanze na jua lenyewe. Nairobi iko digrii moja na kidogo kusini mwa ikweta, kwa hivyo jua letu halisimami ubavuni mwa nyumba, linasimama utosini. Ukuta wa mashariki unapigwa asubuhi, wa magharibi jioni, lakini paa linapigwa kutwa nzima. Bati la rangi ya makaa siku ya jua kali la Februari hufika nyuzi 60 na kuzidi. Usiku mambo yanageuka. Tuko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na anga ikiwa wazi, bati hutoa joto lake na kulipeleka juu hadi linakuwa baridi kuliko hewa inayolizunguka. Ndiyo maana alfajiri nyingine unakuta matone upande wa chini wa bati ilhali mvua haikunyesha. Joto la saa tisa na baridi ya alfajiri yote yanapitia paa lile lile, na dawa yake ni moja.

Kuta zako ziache. Jiwe nene hunywa joto polepole mchana na kulitoa polepole usiku, na katika mji ambao mchana na usiku hutofautiana kwa nyuzi kumi hivi, hilo ni jambo jema. Pesa zako zote za kuzuia joto zipeleke juu.

Sasa bodi. Kinachozuia joto ndani ya bodi nyeupe si plastiki, ni hewa. Karibu asilimia 98 ya bodi ile ni hewa iliyofungiwa katika vijishimo vidogo mno, haiwezi kuzunguka na kubeba joto kutoka upande mmoja hadi mwingine. Hiyo ndiyo polistirini ya punje, utaona imeandikwa EPS. Bodi ya manjano, ambayo huandikwa PIR au PUR, vijishimo vyake havina hewa ya kawaida bali gesi inayopitisha joto kidogo zaidi kuliko hewa. Kwa hivyo mwenye duka hakukudanganya, kwa unene ule ule ya manjano ni bora. Swali ni bora kwa kiasi gani, na je, chumba cha watoto wako kinakihitaji kiasi hicho?

Wahandisi hupima kwa wati zinazopita katika mita moja ya mraba ya kitu chenye unene wa mita moja, pande zake mbili zinapotofautiana kwa digrii moja. Polistirini nyeupe ya uzito mzuri hupitisha kati ya 0.035 na 0.038. Ya manjano, 0.022 hadi 0.026. Mbao laini, 0.13. Chuma, kama 50. Namba ikiwa ndogo ndivyo kizuizi kinavyokuwa imara.

Tuipeleke hesabu chumbani. Chukua chumba cha mita 3 kwa 4, yaani mita za mraba 12. Tuseme bati limefika nyuzi 60 na hewa ya ndani ni 28, na kwa wepesi wa hesabu tuisahau dari yako ya jipsamu. Bila kizuizi chochote, joto linaloshuka ndani ni kama wati 2,250, sawa na pasi mbili za umeme zikiwaka darini kwa wakati mmoja. Weka bodi nyeupe ya milimita 25, ile inchi moja ya fundi wako, zinabaki kama wati 460. Weka nyeupe ya milimita 50, zinabaki 260. Weka ya manjano ya milimita 50, zinabaki 165.

Angalia mahali penye mruko. Inchi ya kwanza ya povu la bei nafuu imeondoa karibu joto lote la kuudhi. Inchi ya pili imeondoa wati mia mbili zaidi, na hizo zina thamani yake. Kutoka hapo kwenda kwenye bodi ya manjano unanunua wati zisizofika mia moja kwa bei inayokutisha. Kwa nyumba ya kuishi ya Nairobi, ushauri wangu ni nyeupe ya milimita 50, iliyofungwa vizuri, na pesa zinazobaki umlipe fundi afanye kazi kwa utulivu. Ya manjano ina mahali pake: pale ambapo nafasi kati ya mbao na dari ni finyu na milimita 50 haziingii, au kwenye chumba baridi, ambacho tutakifikia mwishoni.

Jambo ambalo karatasi ya mwenye bidhaa haikwambii waziwazi: namba zile hupimwa maabara bodi ikiwa na wastani wa nyuzi 10 kwa viwango vya Ulaya, au 24 kwa vile vya Marekani. Bodi yako chini ya bati la moto itakuwa na wastani wa nyuzi 40 na ushee, na povu likipata joto hupitisha zaidi kidogo. Hiyo ni sababu nyingine ya kuongeza unene badala ya kubana.

Hapa sasa ndipo watu wanapoibiwa, na naomba usome polepole. Bodi nyeupe si zote sawa. Zinatofautiana kwa uzito, na nyepesi mno ni punje kubwa zenye mianya katikati. Bodi ya kilo 10 kwa mita ya ujazo hupitisha joto wazi zaidi kuliko ya kilo 20, na huvunjika ukiishika. Njia ya kujua ni mizani. Bodi ya mita 1.2 kwa 2.4 yenye unene wa milimita 50 ikiwa ya kilo 20 itakuwa na uzito wa karibu kilo 2.9. Ikiwa ya kilo 15, kama kilo 2.2. Ukiipandisha kwenye mizani isome kilo moja na nusu, hiyo ni ya kilo 10, irudishe hata kama muuzaji anaapa. Kisha omba kipande cha pembeni, ukivunje kwa mikono, uangalie jeraha lake. Bodi iliyopikwa vizuri kwa mvuke hupasuka katikati ya punje, unaona nusu-punje zimekatika na ndani zinang'aa. Bodi mbovu huachana kando ya punje, zinamwagika mkononi nzima nzima. Punje zisizoshikana zinaacha njia kwa hewa na maji.

Ukishapata bodi nzuri, unaweza bado kuiharibu kwa ufungaji. Nilifungua dari nyingi nikiwa kazini, na kosa nililolikuta mara nyingi ni mapengo: bodi imekatwa kwa msumeno wa mbao, haijafika ukingoni, na fundi ameona ni kidogo tu. Fanya hesabu ile ile ya juu, uache asilimia 5 tu ya paa bila bodi, na joto linaloingia linaongezeka kwa zaidi ya theluthi. Bodi ikatwe kwa kisu kikali kando ya rula ya chuma, iingie kwa kubanana, na viungo vijazwe povu la kupuliza la kopo. Mbao za paa zinapitisha joto mara tatu au nne kuliko bodi, hilo linavumilika. Kama paa lako ni la vyuma vyepesi, kama yalivyo mengi ya siku hizi, basi usiishie kujaza katikati ya vyuma. Chuma hupitisha joto zaidi ya mara elfu moja kuliko povu, kwa hivyo bodi lazima zipite chini ya chuma zikikifunika, bila kukatika.

Acha pia mwanya wa milimita 25 hivi kati ya bati na povu. Polistirini huanza kulegea joto likikaribia nyuzi 80, na bati jeusi si la kuchezea. Mwanya huo unakupa faida nyingine: ukinunua bodi yenye karatasi ya alumini, uso ule unaong'aa hufanya kazi pale tu unapotazama hewa. Alumini hukataa kupokea na kutoa mionzi ya joto. Ukiigandamiza kwenye bati, imegeuka kuwa chuma kingine cha kupitisha joto, na pesa ya karatasi imepotea. Elekeza ule uso unaong'aa chini, kwenye nafasi ya hewa iliyo kati ya bodi na dari, ikiwezekana, maana ukitazama juu vumbi la Utawala litaufunika kabla ya mwaka kwisha.

Dari yako ya jipsamu usiibomoe. Hiyo ndiyo inayosimama kati ya povu na moto, na kuhusu moto nitasema zaidi katika barua inayofuata. Bodi zilale juu yake au zifungwe chini ya mbao za paa, lakini zisiguse taa zile za kuzama darini.

Na ujue mpaka wa bodi. Povu halileti joto, linalinda lililopo. Julai chumba kitaamka na kiasi kikubwa zaidi cha joto la mchana na la miili ya watoto, si zaidi ya hapo. Jua la jioni linaloingia kwa dirisha la magharibi halipitii kwenye paa kabisa, hilo ni la pazia nene au mti.

Mwalimu, mimi ni mpangaji Mukuru kwa Njenga, chumba cha mabati paa na kuta. Kuna mahali napata bure yale mapovu meupe ya kufungia televisheni na friji. Nataka kuyagandisha ukutani na juu kwa gundi ili watoto wapate nafuu. Napikia humo humo ndani. Kuna ubaya? — Mama Pacha

Mama Pacha, usifanye hivyo, tafadhali. Nimekuelewa kabisa unachokitafuta, na wazo la kuzuia joto ni sahihi, lakini chombo hiki ndani ya chumba chenye moto wa kupikia kinaweza kuua familia nzima.

Polistirini ikipata moto hailiki kwa utaratibu kama ubao. Kwanza inanywea na kuyeyuka, kisha inadondosha matone yanayowaka juu ya godoro na nguo, huku ikitoa moshi mweusi mzito. Katika chumba cha mita 3 kwa 3 moshi huo unajaza juu hadi chini kabla mtu aliyelala hajaamka vizuri. Povu la kufungia vyombo kwa kawaida halina hata dawa ya kupunguza moto ambayo bodi za ujenzi huwekewa, na hata zile zenye dawa huchelewa kushika tu, hazikatai. Tarehe 14 Juni 2017 jengo la Grenfell Tower jijini London liliungua na watu 72 wakafa. Paneli za nje zenye plastiki ndani yake ndizo zilizoutembeza moto zaidi, na bodi za povu zilizokuwa nyuma yake zikauongezea nguvu. Lile lilikuwa jengo la ghorofa lenye kikosi cha zimamoto karibu. Mukuru unajua gari la zimamoto linavyohangaika kupita.

Na gundi nayo. Gundi nyingi za makopo zina kemikali zinazoyeyusha polistirini, ungeona povu linaingia ndani kama limemwagiwa petroli, na mvuke wake unashika moto kwa cheche.

Fanya haya badala yake. Mwombe mwenye nyumba mpake bati la juu rangi nyeupe ya mabati, hasa kama limeshika kutu. Bati la kutu hunywa sehemu kubwa ya jua, rangi nyeupe safi hurudisha zaidi ya asilimia 70 kabla halijaingia. Ni kazi ya siku moja na nafuu yake mtaiona mchana uleule. Halafu tafuta njia ya hewa juu, karibu na paa, pande mbili zinazotazamana, maana hewa ya moto hupanda na inahitaji mlango wa kutokea. Mkijaliwa kununua kitu, nunueni bodi za jipsamu mzifunge chini ya mbao za paa, mkiacha nafasi ya hewa kati yake na bati. Hiyo pekee, bila povu, inapunguza joto kwa kiasi cha kuhisika.

Wakati wa baridi utatamani kuziba kila tundu. Ziba ya chini penye upepo, ya juu yaache. Na jiko la makaa lisilale ndani nanyi hata kama moto umefifia, kwa sababu makaa yanayofifia hutoa gesi isiyo na harufu, na chumba kilichozibwa ndicho inachokingoja. Ukiwa na barua nyingine niandikie, nitakujibu kwanza.

Je, bodi za povu zitanipunguzia kelele ya mvua kwenye mabati? Siwezi kusikia simu mvua ikinyesha. — Mwenye Duka, Githurai

Kidogo sana. Kuzuia joto na kuzuia sauti ni kazi mbili. Sauti huzuiliwa na kitu kizito au humezwa na kitu chenye nyuzi laini zilizo wazi, na povu gumu si zito wala halina matundu wazi. Bodi ikigandamana na bati hupunguza mtetemo wa bati lenyewe, hilo utalisikia, lakini ngurumo itabaki. Kwa kelele nunua sufi ya mawe, uilaze juu ya dari nzito ya jipsamu. Nayo inazuia joto karibu sawa na polistirini na haiwaki, ila inahitaji kukaa kavu na fundi avae barakoa na glavu.

Nimefungua dari ya mteja Embakasi nikakuta waya za umeme zimenata kwenye bodi nyeupe. Plastiki ya waya imekuwa ngumu, nikiikunja inapasuka. Ni joto? — Fundi wa Stima

Joto linachangia, ila chanzo ni kukutana kwa plastiki mbili zisizopatana. Ganda la waya ni PVC, na PVC hulainishwa kwa mafuta maalumu ili ikunjike. Ikigusana na polistirini kwa miaka, mafuta yale huhama kutoka kwenye waya kwenda kwenye povu. Povu linalainika na kunata, waya unabaki mkavu na unapasuka. Zaidi ya hapo, waya uliozikwa ndani ya povu hauwezi kutoa joto lake, kwa hivyo hauwezi kubeba umeme kiasi kile kile kama ulio hewani.

Badilisha waya zote zilizoguswa, usizifunge tepu. Mpya uzipitishe kwenye bomba la plastiki gumu, mbali na bodi. Nakuomba pia umweleze mteja afungue vyumba vingine, kwa sababu aliyefunga chumba hicho yaelekea alifunga nyumba nzima.

Tumeonyeshwa nyumba za kuta za povu lenye nyavu za chuma, halafu zinapigwa simiti pande zote. Anayeziuza anasema nyumba itakuwa baridi bila feni maisha yote. Ni kweli? Na panya? — Chama cha Akina Mama, Ruai

Hizo paneli si ngeni. Shirika la Taifa la Nyumba lina kiwanda chake cha kuzitengeneza Mavoko, na kote duniani zimejengewa nyumba nyingi. Katikati kuna polistirini, pande zote mbili kuna wavu wa chuma, na nyavu mbili zinaunganishwa kwa vyuma vyembamba vinavyopenya povu. Kisha simiti hupuliziwa juu yake. Ukuta huo unazuia joto kuliko ukuta wa mawe, hilo halina ubishi. Ila usinunue kwa namba ya povu peke yake, kwa sababu kila kijichuma kinachopenya ni njia ya joto, na ukuta mzima huwa dhaifu kuliko bodi iliyo ndani yake. Mwulizeni muuzaji kipimo cha ukuta uliokamilika.

Lakini dada zangu, "bila feni maisha yote" haiamuliwi na ukuta. Nendeni mkaitazame nyumba ya mfano saa nane mchana, siku ya jua, simameni katikati ya chumba cha kulala muulize juu kuna nini. Kama ni bati na dari nyembamba, kuta nzuri kiasi gani hazitawaokoa. Afadhali kuta za mawe na paa lililozuiwa joto, kuliko kuta za povu na paa tupu.

Panya na mchwa hawali polistirini, haina lishe kwao, lakini huitoboa kwa raha na kujenga humo. Kinga ni simiti isiyo na ufa chini, dawa ya mchwa kwenye msingi, na kila tundu la bomba kuzibwa siku linapotobolewa.

Nina chumba baridi cha nyama katika soko la Burma hapa Nairobi, cha bodi nyeupe za milimita 100 zilizofunikwa bati ndani na nje. Kilipokuwa kipya mashine ilikuwa inapumzika. Sasa inalia mchana na usiku, bili ya stima imepanda, na kuta zinatoa jasho. Fundi wa friji ameongeza gesi mara kadhaa. Shida ni povu kuzeeka? — Muuza Nyama

Ndugu yangu, polistirini ya punje haizeeki kwa namna hiyo. Ndani yake ni hewa, na hewa haina mahali pa kwenda. Zinazopoteza nguvu kwa miaka ni za manjano na zile ngumu za kubanwa za XPS, kwa sababu gesi yao hutoroka taratibu na hewa ikaingia, na ndiyo maana watengenezaji waaminifu hutoa namba iliyokwisha kukadiria kuzeeka huko. Yako nashuku imelowa.

Fikiria kinachotokea ukutani mwako. Nje Nairobi ni nyuzi 25 na hewa ina unyevu wa nusu hivi. Hewa ya namna hiyo ikipozwa hadi nyuzi 14 huanza kutoa maji. Ndani mwako ni nyuzi 2 au 3. Kwa hivyo mahali fulani katikati ya povu lako kuna nyuzi 14, na mvuke wowote utakaopenya kutoka nje utageukia hapo kuwa maji, kila siku, mwaka mzima, bila kupata nafasi ya kukauka. Maji hupitisha joto zaidi ya mara kumi na tano kuliko povu kavu. Lililojaa maji ni ukuta wa maji uliovaa bati.

Mvuke unapita wapi? Kwenye viungo vya bati la nje vilivyofunguka, na kwenye kila skrubu. Watu hutundika kulabu, rafu, kalenda, sanduku la stima, na kila tundu la upande wa nje ni mdomo. Kizuizi cha mvuke kinapaswa kuwa kizima upande wa joto, na upande wa joto kwenye chumba baridi ni wa nje. Nyumbani watu hawalifikirii hilo, kwenye chumba baridi ndilo uhai wake.

Kupima ni rahisi. Chagua mahali panapotoa jasho zaidi, kwa kawaida chini karibu na sakafu, ukate kwa uangalifu kipande cha sentimita 10 kwa 10 kwa unene wote. Hiyo ni lita moja kamili ya povu. Ikiwa kavu, ya kilo 15 kwa mita ya ujazo, itakuwa gramu 15. Ikisoma gramu 60 kwenye mizani yako ya dukani, gramu 45 ni maji. Kata kingine juu karibu na dari ulinganishe. Rudishia vipande, uzibe kwa silikoni na bamba la bati.

Likiwa limelowa, usidanganyike kwamba litakauka mashine ikizimwa wikendi. Paneli za upande huo ni za kubadilishwa. Hapa ndipo ninapokubali utumie ya manjano bila kusita, paneli za poliurethani za milimita 100 zenye bati pande zote na viungo vya kufungana, kwa sababu tofauti ya joto ipo saa 24 na unailipia kila mwezi. Sakafuni tumia XPS, ile ya rangi ya samawati au ya waridi. Haina mianya kati ya punje, hunywa maji kidogo sana, na inabeba uzito wa sakafu na nyama. Povu la jamii hiyo lilianza kuaminiwa majini kabla ya majumbani, mwaka 1942 Walinzi wa Pwani wa Marekani walilichukua kwa chelezo za kuokolea watu. Juu yake piga zege.

Ila kabla hujatoa shilingi kwa paneli, angalia mlango. Weka noti kati ya mpira wa mlango na fremu, funga, kisha uivute. Ikitoka bila kushikwa, hapo ndipo hewa ya Burma inapoingia mchana kutwa, na mpira mpya ni wa bei ndogo sana kuliko ukuta. Zunguka noti hiyo pande zote nne, na zaidi upande wa chini, ambako watu hupiga mlango kwa teke mikono ikiwa imebeba nyama. Na fundi wa friji akija tena na mtungi, mwambie aonyeshe kwanza gesi ya awali imevujia wapi. Mashine nzima haipunguzi gesi.